Shemeji wa Kwenye Fomu

Kwetu mchezaji wa kuazima tunamwita mamluki, na sijapata kumwona mtu aliyekosa usingizi kwa ajili yake. Nilikulia Unguja nikiona timu za mtaa zikileta vijana kutoka upande wa pili wa mji, wakipewa jezi ya mchezaji aliye mgonjwa, na jina lake, wakicheza, wakila wali na kwenda zao. Timu pinzani ikilalamika, ujue mamluki wake hakufika. Nayasema haya mapema ili ieleweke kwamba lile nililolifanya London sikulibunia huko, nilikwenda nalo kutoka nyumbani. Lakini hilo halinipunguzii kitu.

Mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili nilikuwa nikiishi Edmonton, nikifanya kazi kwenye ghala la vyakula, shifti ya asubuhi, kupanga maboksi. Mwenzangu wa kupanga naye alikuwa kijana wa Kiukraine wa miaka ishirini na nne, aliyeingia kwa viza ya kusoma Kiingereza. Ghala zima lilimwita Mrusi. Mara ya kwanza alisahihisha, ya pili akasahihisha, ya tatu akaacha. Alikuwa mpole kiasi cha kuniudhi. Mimi nina ulimi mwepesi na hasira za karibu. Yeye ukimtania alitabasamu kwanza, kisha akafikiri, kisha akarudi kwenye boksi lake.

Nilijua ni mchezaji siku boksi la nyanya za kopo lilipopasuka na kopo moja likabiringika kuelekea mlangoni. Alilisimamisha kwa wayo wa kushoto bila kulitazama, akanirudishia, likaja likatulia mbele ya kiatu changu. Nikamuuliza amecheza wapi. Akajibu, kama mtu anayetaja maradhi aliyokwishapona, kwamba kwao alikuwa mchezaji wa kulipwa. Ligi ya chini kabisa, timu ya mji mdogo wenye kiwanda cha sukari, mwaka mmoja na nusu. Alicheza namba tatu, beki wa kushoto. Goli alifunga moja tu, nalo, alisema, lilimgonga mtu njiani likabadili mwelekeo.

Habari yenyewe alinipa vipande vipande, wakati wa chai. Kabla ya mechi ya mwisho wa msimu kocha alimwita pembeni akamwambia kwamba kipindi cha pili winga wa timu ile nyingine inabidi apite. Akasema hakuelewa. Kocha akamwekea mkono begani akamfafanulia vizuri. Kipindi cha pili yule winga hakupita hata mara moja. Msimu uliofuata akakalishwa benchi, na mtaani ikaenea kwamba aliyetaka kuiuza mechi ni yeye. Akajaribu timu tatu nyingine. Kila mahali walimpokea vizuri asubuhi, na kabla ya jua kuzama mtu alikuwa keshapiga simu. Baba yake mzazi, mfanyakazi wa kile kiwanda, hakumuuliza kama ni kweli. Alimwambia tu kwa muda asipite madukani. Wengine, aliniambia, huacha mpira kwa sababu ya goti. Yeye magoti yake yote mawili ni mazima, kilichovunjika ni jina, na akaja London kwa kuwa huku hakuna aliyelisikia.

Nilimsikitikia, tena kwa dhati. Halafu nikaanza kuufikiria ule mguu wa kushoto.

Kila mwaka, Jumatatu ya sikukuu ya mwezi wa nane, sisi Wazanzibari wa London tulikusanyika kwenye viwanja vya karibu na Wembley, timu nne, kombe moja, na kina mama wakapika. Mwenyekiti wa mashindano alikuwa mzee mmoja, karani mstaafu, aliyefika Uingereza zamani na wale waliokimbia Mapinduzi. Aliendesha mambo kwa faili na filimbi. Kwa kuwa miaka ya nyuma watu walikaribia kupigana kwa sababu ya mamluki, alileta fomu: mchezaji lazima awe mtu wa kwetu, au awe ameoa kwetu, na nahodha atie saini kuthibitisha. Nahodha wa Edmonton nilikuwa mimi. Wembley walikuwa wametufunga miaka mitatu mfululizo, na misikitini, madukani, hata kwenye hitma za watu, hawakuacha kutukumbusha.

Nilipomwomba mwenzangu acheze, aliuliza swali moja. Inaruhusiwa? Nikasema inaruhusiwa. Akauliza tena, kwa namna nyingine, kama waandaaji wanajua yeye ni nani. Nikamwambia jina lake limo kwenye fomu. Na kweli lilikuwemo. Nilikuwa nimemwandika kuwa ni mume wa binti ya ami yangu, na kwa kuwa binti wa kwetu haolewi na asiye Mwislamu, ilibidi nimsilimishe pia. Nilimsilimisha kwa kalamu ya buluu, kwenye meza ya chai, huku yeye amekaa mbele yangu akinimenyea chungwa.

Siku ile alikuja na viatu vyake vya zamani vilivyong'arishwa mpaka vikafanana na vya arusi. Nusu fainali tulicheza na timu ya London ya kusini, na ninakiri kwamba sijaona namba tatu kama yule kwa karibu. Hakufanya mbwembwe. Kumbe mtu wa ligi ya chini kabisa, ligi ambayo hata kwao wachache wanaifuata, akija kwetu sisi madereva wa basi na wapanga maboksi anakuwa mtu mzima kati ya watoto. Alijua hivyo na akajizuia. Mpira alitupasia taratibu, mahali tulipoweza kuupokea, na aliyekosea alimpigia makofi. Tukashinda tatu bila. Wenzangu walimbeba. Nilimwona akicheka kwa sauti, jambo ambalo ghalani hakulifanya hata siku moja.

Nilikuwa nimefikiria kila kitu isipokuwa kina mama. Mkuu wa wapishi alikuwa bibi mmoja tuliyemwita Bimkubwa, na hakuna arusi ya kwetu London iliyopita bila sufuria zake. Wakati wa biriani, kabla ya fainali, aliisikia habari ya shemeji mpya akamwendea kumpa mkono. Akamtolea salamu ya Kiislamu, mwenzangu akajibu helo. Akamuuliza mkewe yuko wapi, naye akatabasamu tu. Bimkubwa akageuka, mwiko bado mkononi, akaniuliza mbele za watu arusi ilikuwa lini na nani alipika. Hakuwa na nia ya kunitega. Alidhani kweli amepitwa na arusi, na uso wake ulionyesha kwamba ameumia.

Maneno yakawafika wachezaji wa Wembley, yakafika kwa mwenyekiti. Akaniita nyuma ya gari la vyombo, ile fomu mkononi. Alinieleza bila kupandisha sauti kwamba kama nahodha alijua, Edmonton inatoka mashindanoni. Kama nahodha alidanganywa, anatoka mchezaji peke yake na timu inacheza fainali. Kisha akanitazama.

"Mwanangu, nataka neno moja tu. Ulijua?"

Wenzangu walikuwa wamesimama hatua chache, jezi zimewaganda kwa jasho, wananingojea. Ningesema nilijua, ningewarudisha Edmonton bila kombe kwa mwaka wa nne, na mimi ningekuwa mtu aliyemzulia Uislamu na ndoa mtu asiye na habari. Sikuchukua muda mrefu. Ndilo linalonitia haya zaidi, kwamba sikuchukua muda.

"Aliniambia kaoa kwetu na kasilimu, mzee. Mie n'kamwamini."

Mzee aliitazama tena ile fomu. Halafu akasema mtu hahukumiwi bila kusikilizwa, akaniamuru nimfuate. Mwenzangu alikuwa amekaa upande wa pili wa uwanja, karibu na bendera ya kona, sahani mapajani, akila biriani kwa mkono kwa kuwa aliona kila mtu anakula hivyo. Tukavuka uwanja. Mwenyekiti mbele, mikono nyuma, mimi hatua tano nyuma yake. Alitembea polepole sana. Katikati alisimama akaokota chupa tupu ya maji, akaitazama, akaendelea. Nilidhani ni uzee. Nilikuwa naomba afike haraka mambo yaishe.

Alimuuliza kwa Kiingereza chake cha ofisini, kwa adabu kamili, kama ni kweli alimwambia nahodha kwamba ameoa binti wa kwetu na ameingia dini yetu. Mwenzangu akainuka, akafuta vidole kwenye nyasi. Akaitazama fomu, na bila shaka aliujua mwandiko wangu, maana kila siku aliuona kwenye karatasi za ghala. Akanitazama mimi. Nami nikavitazama viatu vyake.

"Ndiyo," alisema. "Nilimwambia hivyo. Naomba radhi."

Mzee akarudia swali, akiligawa polepole kana kwamba Kiingereza ndicho kilichokuwa na tatizo. Jibu likawa lile lile.

Habari ilienea uwanjani kabla hatujarudi. Wapo waliocheka, lakini wapo waliosema, na nilisikia, kwamba mtu anayeweza kuigiza dini kwa sababu ya mpira hafai kukaribishwa popote. Kijana mmoja wa Wembley alimwendea akamtaka avue jezi palepale. Aliivua akaikunja kabla ya kumpa. Bimkubwa peke yake ndiye aliyemwambia akae amalize chakula chake, lakini hakumaliza.

Fainali tulishinda moja bila. Nilipokea kombe nikalinyanyua juu, na kwa juu ya vichwa vya watu nikaliona gari langu, naye ndani yake, kiti cha mbele, mfuko wa viatu mapajani. Alikuwa ananingojea kwa sababu hakuwa na njia nyingine ya kurudi nyumbani.

Njiani nilizungumza mimi. Nilimweleza habari za mamluki, jinsi kwetu lisivyo jambo kubwa, jinsi mwakani watakuwa wamesahau. Nilikuwa nikiongea haraka kama mchuuzi mwenye samaki wa jana. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akaniuliza niliandika nini hasa. Nikamwambia, pamoja na ndoa, pamoja na dini. Akatikisa kichwa kuonyesha amesikia. Tulipofika kwake alikaa kidogo, mkono kwenye kitasa cha mlango.

"Wewe itabidi uendelee kuishi nao," alisema. "Mimi hawanijui."

Akashuka. Nilibaki nimeegesha pale, injini inanguruma, nikijiona mdogo. Mtu huyu aliharibiwa maisha kwa kukataa kuubeba uongo wa kocha wake, na mimi nilijua, alinisimulia mwenyewe, na bado nilimtwika wangu. Huku London jina lake halikuwa na doa. Nililipaka doa kati ya asubuhi na chakula cha mchana, mbele ya watu mia mbili, na zawadi yangu ikawa kombe la bati.

Jumanne kazini aliniletea chai kama kawaida. Afadhali angenitukana. Nilitafuta siku ya kumwambia nisamehe, na kila siku nilipata sababu ya kuiacha ipite: leo bosi yuko karibu, leo amechoka, leo mimi nimechoka. Kabla ya baridi kuingia alipata kazi ya ujenzi mji mwingine, akanipa mkono, akaenda. Namba aliyoniachia iliita kwa miezi michache, halafu ikaacha kuita.

Kwetu alibaki kuwa kichekesho. Shemeji Mrusi. Kila mwezi wa nane ilikuwa lazima mtu akisimulie kisa hicho, na nasema kwa aibu kwamba msimulizi bora nilikuwa mimi. Niliongeza maneno. Nilimwiga anavyojibu helo. Watu walishika mbavu, nami nikacheka nao, na nikirudi nyumbani nilikaa jikoni bila kuvua koti.

Baada ya miaka minne mwenyekiti aliugua, ugonjwa wa kumlaza kitandani. Nilikwenda kumtazama Wembley alasiri moja ya Jumamosi. Walimwekea kitanda sebuleni, dirishani, ili aone watu wakipita. Alikuwa amebaki mifupa, lakini macho ni yale yale ya karani. Tulipobaki wawili nikamwambia yote: fomu, swali la inaruhusiwa, kalamu ya buluu, na kwamba mwenzangu hakuniambia chochote cha ndoa wala dini. Nilipomaliza nilikuwa nalia.

Hakushangaa. Alisema alijua tangu pale nyuma ya gari la vyombo, kwa kuwa nilijibu upesi mno. Nikamuuliza, kama alijua, kwa nini alikwenda kumsumbua yule kijana na sahani yake.

Aliutafuta mkono wangu juu ya shuka, akaushika.

"Sikwenda kwa ajili yake, mwanangu. N'likuchukua weye nyuma yangu makusudi. N'likwenda polepole uwanja mzima ule, mpaka chupa n'kaokota, nikingojea uniite."