Majibu ya Penseli Kwenye Makala ya Kanisa Kuu

Makala ya kanisa kuu nilipewa kwa sababu sikuinua mkono. Wenzangu walijichagulia: mmoja akachukua ngamia, mwingine mto Naili, mwingine ndege za vita. Mimi nilikuwa nikitazama dawati mpaka mwalimu akaja mwenyewe, akaniwekea mbele karatasi nne zilizobanwa kwa pini. Akasema hili ni zito, lakini mimi nina subira. Kusema kweli si subira. Ni haya tu.

Haya ninayoandika nayatoa kwenye daftari langu la mwaka jana, ambalo hakuna aliyewahi kulisoma. Shule yetu iko Garissa, karibu na mto, na mwaka huo mtu hakuweza kwenda popote bila kuulizwa kipande. Darajani kulikuwa na askari. Ndugu zetu wengi wa mabomani walikuwa wamekusanywa ndani ya seng'enge ili wasiwape shifta, waasi wa porini, maziwa na habari. Jioni ikifika, amri ilikuwa mtu asionekane nje. Sisi wa bweni tulisoma kama kawaida, ila kila muhula ulipoanza kulikuwa na vitanda vitupu, na hatukuulizana.

Mwalimu wetu wa historia alitoka Kenya. Ndivyo tulivyosema, "ametoka Kenya," kana kwamba Garissa iko nchi nyingine, naye hilo lilimchekesha na kumuudhi kwa pamoja. Wazungu walipoondoka waliacha stoo yenye ensaiklopidia ya Kiingereza, vitabu vizito vyenye vumbi, vingine vimeliwa na mchwa. Mwalimu alitaka tuitoe yetu ya Kiswahili. Kila darasa liliandika makala, na darasa la nyuma yake likayapitia na kuyaboresha. Alikuwa na utaratibu wake, na hakukubali mtu auvunje. Mwandishi wa kwanza huandika kwa wino wa bluu. Msahihishaji huuliza maswali kwa wino mwekundu pembeni. Mwandishi hujibu kwa penseli chini ya swali, kisha msahihishaji ndiye anayenakili yote upya. Makala yote hulala ndani ya sanduku la bati, stoo. "Humkosoi mtu," alikuwa akisema, "unakosoa sentensi."

Lakini mwandishi wa kanisa kuu hakuwepo wa kunijibu. Alikuwa kijana wa darasa la mbele yangu, mrefu, mwandiko wake umelalia kushoto kama nyasi zilizopigwa na upepo. Alikwenda likizo kwao kaskazini, upande wa Hadado, na hakurudi. Nilimjua kwa sura tu. Sikuwahi kuzungumza naye, maana sikuwa nikizungumza na wa darasa la mbele.

Siku ya kwanza nilicheka peke yangu pale stoo. Nyumbani kwetu sote p hutoka b, na v hutoka f, lakini mimi nililelewa Isiolo kwa abti yangu, yaani mjomba, jirani na Waswahili wa dukani, kwa hiyo masikio yangu yalinyooka mapema. Yeye aliandika kama alivyosema. Kanisa lile la kale, la nchi ya baridi, lililojengwa na baba, likaendelezwa na mwana na kumalizwa na mjukuu, lilikuwa na "baa refu linalotisha." Wageni walioingia "hufua fiatu mlangoni." Nikawaona wazungu wamejipanga na beseni za maji wakifua viatu.

Nikachukua wino mwekundu. Pembeni mwa baa nikaandika: Baa ni balaa. Andika paa. Pembeni mwa viatu: Kanisani hawavui viatu. Thibitisha au ondoa. Nikarudisha karatasi ndani ya sanduku.

Siku iliyofuata, baada ya chakula cha mchana, nilifungua sanduku. Chini ya neno langu la kwanza palikuwa na penseli: Sawa.

Nilidhani ni mzaha wa wenzangu. Kisha nikaona lile la pili. Basi fiatu ndifyo filifyofuta majina ya waliozikwa sakafuni.

Herufi zililalia kushoto. Nje kulikuwa na jua kali. Nilikwenda kwenye rafu nikatoa kile kitabu cha Kiingereza, nikatafuta picha ya kanisa. Chini ya picha, kwa maandishi madogo ambayo hata mimi nilikuwa nimeyaruka, walieleza kuwa watu wakubwa wa mji walizikwa chini ya sakafu, na kwamba majina mengi hayasomeki tena kwa sababu ya miguu ya waumini. Kati ya kurasa zile mbili kulikuwa na mchanga mwekundu. Wa shuleni kwetu ni mweupe, wa mtoni.

Sikumwambia mtu. Niliketi nikajaribu kuandika sentensi ileile kwa penseli, nikilaza mkono kushoto, kwa sababu nilikuwa nimeogopa kwamba labda ni mimi. Nimesikia kuna watu hufanya jambo wasijijue. Lakini herufi zangu zililala kulia kila nilipojaribu. Nikafuta. Usingizi wa siku zile ulikuwa mbaya. Ndotoni nilikuwa nikitembea ndani ya jengo nisilowahi kuliona, miguu mitupu juu ya mawe, na chini ya mawe mtu alikuwa akisubiri nimalize kusoma jina lake.

Mama yake yule kijana alikuwa akiuza maziwa ya ngamia langoni. Wote tulimjua. Mchungaji mmoja wa ngamia alikuja kutoka Hadado akamwambia alimwona mwanawe akiangushwa kisimani na askari, pamoja na wengine. Jamaa walitaka kuketi msiba, yeye akakataa mpaka aonyeshwe kaburi. Watu walianza kumhurumia kwa ile sauti ya kumhurumia mtu aliyepungukiwa akili, na aliendelea kuja na vibuyu vyake kila asubuhi.

Ilinichukua siku nne kumkaribia. Nilisubiri wanunuzi waondoke, nikanunua kikombe nisichokitaka, nikamwita eeddo, yaani shangazi, nikamwambia kwa Kisomali, macho yangu yakiwa ndani ya kikombe, kwamba mwanawe ameniandikia jambo kuhusu kanisa. Nilijua nilivyosikika.

Akaniuliza kama nimemwona. Nikasema sijamwona, nimeona mwandiko.

"Mwandiko wa siku gani?"

"Wa juzi hizi, eeddo. Ulikuja chini ya swali langu. Swali niliandika mimi."

Aliendelea kufuta mdomo wa kibuyu kwa kitambaa, akafuta tena pale alipokwisha kufuta. Kisha akaniita hooyo, kama mama zetu wanavyowaita watoto wao.

"Hooyo, muulize anakula nini."

Sasa nikawa na kazi. Swali kama hilo siwezi kuliacha wazi kwenye karatasi ambayo mwalimu au mtu yeyote anaweza kuiokota. Nilikaa na makala mpaka nikaona mahali pake, pale anapoeleza mafundi walivyokaa juu misimu mizima wakipanga mbao. Nikaandika kwa wekundu: Mafundi wa paa walikuwa wakila nini? Makala haisemi.

Siku ya kwanza hapakuwa na kitu. Siku ya pili hapakuwa na kitu. Nilipita langoni nikitazama upande mwingine, na mama yule hakuniita. Siku ya tatu penseli ilikuwepo: Walibata kidogo kidogo kwa wachungaji. Walio chini wasiwe na wasiwasi.

Nilimsomea kwa Kiswahili jinsi ilivyo, kisha kwa Kisomali. Akataka nirudie lile neno, walibata. Nikarudia. Akacheka kwa pua.

"Mwongo," akasema. "Tangu mdogo, ukimuuliza, ameshiba."

Alhamisi ya wiki hiyo, saa za adhuhuri, ofisa mmoja wa usalama alikuja na Landrova. Mlinzi wa shule alikuwa ameona nyayo chini ya dirisha la stoo, lile lisilo na kioo. Tuliitwa mwalimu na mimi, kwa kuwa ni sisi tulioingia mle mara nyingi. Ofisa hakuwa mkali. Aliuliza kwa upole kama kuna kitu kilichohamishwa, na mwalimu akasema hajaona. Kisha akanigeukia mimi. Nilitikisa kichwa. Mwalimu akamwambia asinisumbue, huyu hata darasani hasemi, na nadhani ndiyo mara ya kwanza haya yangu ilinifaa kitu.

Ofisa akapima dirisha kwa mkono, akatabasamu. Alisema kuanzia kesho askari wawili watalala humu.

"Kama yupo, atakuja," akasema. "Kama hayupo, vijana wangu watapumzika tu."

Nilipata nusu saa baada ya masomo. Nilifungua sanduku kwa haraka hadi nikadondosha wino sakafuni. Sikujua niandike nini. Nikiandika usije, ni kamba shingoni mwangu. Nisipoandika, atakuja kutafuta swali jipya, na mimi ndiye niliyemzoesha kujibu. Hilo ndilo lililoniumiza. Mimi ndiye niliyekuwa nikimwita, kila siku, kwa wino mwekundu, kwa sababu mama yake alitaka na kwa sababu, niseme ukweli, nilipenda kujibiwa. Sijawahi kuzungumza na mtu hivyo.

Mwishowe niliandika chini kabisa, mahali msahihishaji anapotoa maoni: Makala imekamilika. Haihitaji nyongeza tena. Mwandishi ahesabu kazi yake imekwisha leo, Alhamisi. Nikaipigia mstari leo mara mbili. Nikaweka karatasi juu ya nyingine zote.

Ijumaa nilikwenda kabla ya kengele ya asubuhi, kabla askari hawajaletwa. Nilifungua sanduku. Karatasi zilikuwa juu kama nilivyoziacha, zimenyooshwa vizuri. Wino wa bluu ulikuwepo. Maswali yangu mekundu yalikuwepo yote. Penseli haikuwepo. Ile Sawa, yale majina ya sakafuni, chakula cha mafundi, vyote vilikuwa vimefutwa, si kwa haraka, bali kwa uangalifu wa mtu mwenye muda, na chembe za raba zimepulizwa. Nilipoinua karatasi kwenye mwanga nikaona mashimo ya herufi tu, pale penseli ilipobonyeza, hayana rangi.

Nilikuwa bado nimeishika ofisa alipoingia na askari wake. Akanyoosha mkono, nikampa. Alisoma akiwa amesimama, ukurasa baada ya ukurasa, akacheka kidogo kwenye lile neno baa. Kisha akafika kwenye maswali.

"Unamuuliza nani?"

"Mwandishi."

"Na amekujibu?"

Nilitazama karatasi pamoja naye. "Hakuna jibu," nikasema.

Akaitupa mezani. Askari walilala stoo siku tisa. Walivuta sigara, wakacheza karata, wakalalamika mbu, na hakuna aliyekuja. Mwalimu alinihimiza ninakili makala, nikanakili. Niliacha viatu miguuni mwa wageni, nikanyoosha paa. Sentensi ya mafundi kula kidogo kidogo niliiweka, na mwalimu alipouliza nimeipata kitabu gani, nikasema sikumbuki, lakini naomba ibaki. Hakuzoea kunisikia nikiomba kitu. Aliiacha.

Ile nakala ya zamani nilimpelekea mama yake langoni, imekunjwa ndani ya daftari la hesabu. Nilimwambia kila kitu kimefutwa, na kwamba nadhani kafuta mwenyewe. Hajui kusoma, lakini aliikunjua juu ya goti akapitisha kidole polepole kwenye mashimo, kama anayetafuta mwiba kwenye unyayo wa mtoto. Akauliza pale pa chakula ni wapi.

Nikamshika kidole nikakiweka.