Kofi Alilolilea Daouda Seck

Daouda Seck alipoanza kuigiza filamu, kwao Rufisque, mji ulio karibu na Dakar, alipewa kuwa mtumishi wa bwana mkubwa. Bwana alikuwa Malick Guèye, nyota anayejulikana Dakar nzima. Malick alitakiwa azuge tu kumpiga. Akampiga kweli, kofi lililomvua kofia, na mama yake Daouda kasimama pale pale barabarani na majirani zake.

"We Seck, shavu limejaa wali hilo, halisikii!" Malick akasema.

Watu wakaangua kicheko. Koo za Seck na Guèye ni watani tangu enzi za mababu, huitana walafi na watumwa, na mtani hanuni. Daouda naye akacheka, sikio likimlia nyiii. Mama yake hakucheka. Aliokota kofia, akaikung'uta vumbi, akaenda zake.

Filamu ikazunguka kumbi zote. Watoto wakamwita Daouda Bwana Kofi. Naye akalilea kofi lile kama kuku na yai. Akaigiza mlinzi, akaigiza maiti, akaigiza mwizi wa kondoo, hakukataa kitu, maana akitoka kwenye kazi hii atampatia wapi Malick? Mvi zikamwota, akaanza kupewa kuigiza wakubwa. Malick yeye jina likachuja.

Ndipo wakakutanishwa kwenye filamu moja. Daouda chifu, Malick mjumbe mwongo wa kuzabwa kofi.

Daouda akazaba. Malick akayumba. Halafu Daouda akakuna kichwa.

"Maneno yamenitoka," akamwambia mwongozaji. "Uzee, mwanangu. Turudie."

Wakarudia, kuanzia kwenye kofi. Yakamtoka tena, na tena. Mtu ambaye hajawahi kusahau hata neno moja!

"Seck, unaniua," Malick akanong'ona.

"Utani tu, mtumwa wangu! Au akina Guèye siku hizi mnanuna?"

Wapiga picha wakacheka. Ikabidi Malick acheke pia, machozi yakimlenga. Shavu la Malick lilipoumuka ndipo maneno ya Daouda yakarudi, yamenyooka kama uzi.

Mchana wakazunguka sinia moja la wali na samaki. Malick alimeza vilaini, kwa upande mmoja wa mdomo. Daouda akaagiza akwanguliwe ukoko wa sufuria, ule mgumu unaogombaniwa na kila mtu, akausogeza wote upande wa Malick.

"Kula, mtani. Utamu wote nimekuachia wewe."

Kukataa ulichosogezewa kwenye sinia ni tusi, na watu walikuwa wanatazama. Malick akautia mdomoni. Daouda akaacha kula, akatega sikio, asikie unavyovunjika.