Kaseti Moja ya Namukose

Namukose alikuwa na sauti, hilo hakuna aliyebisha. Kule Jinja aliimba hotelini miaka sita mizima, nyimbo za watu wengine, walevi wakimpigia makofi bila kumsikiliza. Akachoka. Mwaka tisini na nne akamfuata Gidudu, mpiga kinanda, hadi chumba kimoja cha Namatala, Mbale, na humo ndimo alimoanza kuimba kwa sauti yake mwenyewe.

Miaka miwili walirekodi kaseti yao: ngoma za tohara za Wagisu zikipigwa polepole, kinanda, mvua juu ya mabati, na Namukose akinong'ona Kisoga. Majirani walikufa kwa kicheko. "Muziki gani hii haichezeki?" Wacheke tu! Yeye alijua kuwa yote aliyoimba kabla ya hapo yalikuwa mazoezi.

Zilibaki dakika nne upande wa pili. Shashikant, mwenye duka la kunakili kaseti Jinja, alimsihi: "Dada, nikutolee nakala. Au basi vunja hivi vijiplastiki vya mgongoni, mtu asije akarekodi juu yake." Akakataa vyote viwili. Gidudu alikuwa hospitalini, amekonda, na dakika zile zilikuwa za kinanda chake akipona. Kuifunga kaseti kulikuwa sawa na kumzika angali hai.

Machi tisini na saba Gidudu akafa.

Kwao mlimani hotuba za mazishi hurekodiwa, ndugu walio mbali wapate kusikia. Mafabi, kaka wa marehemu, aliibeba redio ya kaseti ya Namukose na Gidudu kutoka Namatala, kaseti yao ikiwa ndani. Ole wake Namukose! Alikuwa mkekani na wanawake, analia, wala hakuona kitu.

Siku ya tatu Mafabi akamletea redio, uso umechangamka kidogo.

"Shemeji, shika. Nimerekodi yote, pande zote mbili. Hakuna neno limepotea."

Namukose akabonyeza. Mchungaji akakohoa, akaomba. Akageuza upande: mjomba, wazee, mjomba tena. Akapeleka mbele, akarudisha nyuma, akitafuta japo ngoma moja. Hakuna. Lakini angemwambia nini mtu aliyetoka kumzika ndugu yake?

"Asante, shemeji," akasema.

Redioni mzee mmoja alikuwa anaeleza jinsi marehemu alivyokuwa hodari wa kinanda.