Ubao wa Misumari ya Bati

Mwanzoni mwa miaka ya themanini ungeweza kuzunguka maduka yote ya Karatu usipate hata msumari mmoja. Mimi seremala, nifanyeje? Nikawa nang'oa misumari ya bati kwenye ghala bovu la shamba la kahawa, nainyoosha kwa nyundo, na ndiyo niliyotengenezea mbao za kusomea watoto wasioona. Vichwa vyake vilikuwa vinene kama punje za maharage. Nikasema si neno, tena afadhali, mtoto atavishika bila taabu. Kujidai kwangu kulianzia hapo.

Mbao hizo nilizianza kwa ajili ya binti mmoja wa miaka tisa. Surua ilimpofusha akiwa mdogo, na mama yake, mwanamke wa Singida aliyekuja kufanya kibarua cha kuchuma kahawa, alikuwa akimwacha karakanani kwangu tangu asubuhi. Mwalimu wa kijijini alinipa karatasi iliyochorwa herufi za nukta, zile ambazo wasioona husoma kwa vidole. Nikatoboa ubao matundu sita sita, nikampa binti misumari ya kuchomeka na kuchomoa. Baada ya miezi mitatu alikuwa amezimaliza herufi zote. Nikikosea mimi ananicheka: "Babu, hiyo umeiweka kichwa chini." Ananiita babu, na wakati huo sina hata mvi moja.

Basi nikaota makubwa. Niliona kila shule nchini ikiagiza mbao zangu, nikatengeneza kumi na mbili za kuanzia, nikawa sina hadithi nyingine mpaka majirani wakanichoka.

Lakini mtoto hawezi kushika misumari kutwa nzima, na kwetu asiyeona akikaa bure watu wanasema huyo ataishia kuombaomba. Kwa hiyo nikamletea mahindi yangu apukuchue. Kazi ile haihitaji macho, na karibu kila nyumba yenye asiyeona ilimpa hiyohiyo. Alipukuchua kwa mikono mitupu, kwa bidii, huku anaimba. Nami nilijiona mtu mwema.

Mwezi wa saba zikaja habari kwamba mwalimu wa shule ya bweni ya wasioona, kutoka mkoa mwingine, atapita kuchagua mtoto mmoja. Binti akiikosa nafasi hiyo, hakukuwa na shule nyingine ya kumpokea. Mama yake alimshonea gauni jipya. Siku ile ukungu ulikuwa mzito na baridi inauma. Mama alikuwa kibaruani, kwa hiyo mimi ndiye niliyemshika mkono hadi shule ya msingi, ubao wangu kwapani.

Mwalimu mgeni aliupapasa ubao, akasema, "Umejitahidi, fundi," akauweka pembeni. Akamwekea mtoto karatasi ngumu yenye nukta zenyewe, ndogo, zilizotuna kidogo tu. Binti akapitisha kidole, akarudia, akajaribu kwa mkono wa pili.

"Hii karatasi haina kitu," akasema.

Mwalimu akashika vidole vyake, akavigeuzia kwenye mwanga wa dirisha. "Mtoto huyu anafanya kazi gani?"

Nikamjibu kwa majivuno, mjinga mimi: "Anapukuchua mahindi, mwalimu. Debe zima kwa siku, hata mtu mzima hamfikii."

Akaviachia vidole. Kisha akanieleza polepole kwamba ncha za vidole ndizo macho ya mtoto huyo, na zake zimeota sugu, hazisikii nukta ndogo. Kama tungetumia nukta za kawaida tungelijua hilo wiki ya kwanza. Misumari yangu minene ililificha. Nafasi akapewa mtoto mwingine. Nilitamani mwalimu anitukane, maana angenitukana ningepata pa kujitetea, lakini alinipa mkono tu na kunitakia safari njema.

Tukashika njia ya kurudi. Tulipofika kwenye mashamba ya ngano aliniachia mkono, akawa anavisugua vidole vyake kimoja kimoja kwenye gauni.

"Babu," akasema, "kwani nilipukuchua vibaya?"

Nikamwambia hapana, alipukuchua vizuri kuliko mtu yeyote.