Mashineni Hakuna Mashine

Katika daftari la simu la kituo cha magari ya wagonjwa, ukurasa wa Jumatatu tarehe 3 Juni 2013, mstari wa tatu, pameandikwa kwa wino wa buluu: "Mashineni. Mzee, amepooza upande. Dakika 51." Mwandiko ni wa mpokea simu wa zamu ya asubuhi. Kutoka geti la kituo hadi Mashineni ni kilomita mbili na nusu.

Mpokea simu huyo sasa ana miaka arobaini na sita, na kiti chake ni kilekile, ila magurudumu yamebadilishwa mara mbili. Madereva wanamwita Bi Kushoto, kwa sababu hamalizi kumwelekeza mtu bila kusema, "Kushoto kwako, si kwangu." Alisomea uhazili, akaolewa na fundi wa kuchomelea mageti, akahamia mji huu mwaka mmoja kabla ya simu ile. Hakujua kwamba Mashineni hakuna mashine. Alimtuma dereva, naye mgeni, akatafute mashine ya kusaga. Dereva alizipata mbili, zote upande mwingine wa mji. Wajukuu wa mgonjwa walichoka kusubiri, wakampakia babu yao kwenye toroli la kubebea saruji na kuanza kumsukuma. Gari liliwakuta wakiwa wamebakiza mita mia tatu kufika hospitali. Mzee alipona, lakini mkono wa kulia haukurudi.

Siku yake ya mapumziko Bi Kushoto alikwenda Mashineni kwa miguu. Mke wa yule mzee alimkaribisha ndani, akampa kiti, akamsikiliza akiomba radhi, kisha akamshangaa.

"Mwanangu, Mashineni kila mtu anapajua."

"Mashine yenyewe iko wapi, mama?"

"Mashine? Iling'olewa zamani. Mwanangu wa mwisho alikuwa hajazaliwa."

"Sasa mbona mnapaita hivyo?"

Mama alieleza kwamba mwaka wa ukame mkali mwenye mashine alimsagia kila aliyefika, hata aliyekuja na mahindi ya kujaza kisahani. Hakumrudisha mtu. Alipohama, mashine ikaenda naye, na kiwanja kikajengwa duka la vifaa vya umeme. Duka lina bango refu kuliko nyumba yenyewe. Hakuna anayepaita kwa duka la umeme.

Jioni hiyo Bi Kushoto alifungua daftari la shule, akaandika neno la kwanza: Mashineni. Mbele yake akaandika palivyo sasa, mtu anavyofika, na nani wa kuulizwa. Mumewe alimchungulia begani.

"Umeajiriwa kupokea simu au kuhesabu watu?"

"Nisaidie badala ya kunicheka."

"Haya, andika. Geti la ndege wawili, barabara ya shule. Nimelichomelea mimi."

"Mwenyewe akilibadilisha?"

"Wataendelea kupaita ndege wawili. Kwani mashine iko wapi?"

Kwa miaka kumi na moja aliandika hivyo, Jumamosi kwa Jumamosi, mpaka daftari moja likawa manne yaliyofungwa pamoja kwa waya wa fundi. Majina yakafika mia nane arobaini na sita. Kati ya hayo, mia tatu na kumi na mawili ni ya vitu ambavyo havipo: kisima kilichofukiwa, nesi aliyehamia kwa binti yake, kinyozi aliyekuwa akiwanyoa watoto bure kila shule zikikaribia kufunguliwa, kibanda cha simu ya kwanza ya mtaa.

Hakwenda kutafuta maana yoyote. Alitafuta milango. Lakini mtu akiandika majina mia nane kwa mkono, ataona yaliyopo na yasiyopo. Katikati ya mji kuna mnara wa mawe wenye chemchemi na sanamu ya shaba, uliozinduliwa kwa hotuba tatu. Tangu aanze kazi hakuna mpiga simu hata mmoja aliyesema, "Ukifika kwenye mnara." Benki ilifunga tawi lake, na jina likaondoka na kibao. Nyumba kubwa kuliko zote mjini inaitwa Kwa Mbwa, kwa kuwa walioko nje yake hawajawahi kuona kingine. Kisima kilichofukiwa miaka ishirini iliyopita kinatajwa mara mbili kwa wiki.

Aliona pia kwamba kuelekeza njia ni utungo wenye taratibu zake, na kwamba watu wa mji huu hawazivunji hata nyumba ikiungua. Unaanza na salamu. Unafuata na mahali ambapo nyote wawili mnapajua. Kisha wanakuja watu: pita kwa fulani, usikunje kwa fulani. Kisha onyo: ukiona tangi jeusi, umepitiliza. Mwisho ni mtu: utamkuta kaka yangu barabarani, amevaa fulana nyekundu. Bi Kushoto hakati simu kabla mtu huyo hajatajwa. Uongozi uliwahi kuagiza salamu ziondolewe ili kuokoa muda. Akapima kwa saa ya ukutani kwa mwezi mzima. Salamu ilichukua sekunde nne. Aliyesalimiwa alieleza njia mara moja. Asiyesalimiwa alieleza mara mbili, ya pili akilia. Agizo lilifutwa bila barua.

Septemba mwaka 2024 ilikuja ramani mpya. Iliandaliwa na kampuni iliyopewa kazi hiyo, na kampuni ikamleta mpima wake, kijana mpole mwenye kompyuta ya mkononi na shati lililopigwa pasi. Madereva walimwita Injinia, ingawa aliwaambia mara mbili kwamba yeye si injinia. Kamati ilikuwa imeipa kila barabara jina la ua, na kila nyumba nambari. Mpiga simu angetaja ua na nambari, basi. Orodha ya majina ingefungwa Ijumaa ya mwisho ya mwezi, na baada ya hapo wapokea simu wasingeruhusiwa kutumia kitu kingine chochote.

Bi Kushoto aliweka daftari lake mezani kwa Injinia. Naye alilisoma siku mbili, kwa heshima, ukurasa kwa ukurasa. Alirudi nalo likiwa na mistari ya penseli.

"Dada, kazi kubwa sana hii. Lakini kanuni yetu ni kwamba kila jina liwe na kitu kinachoonekana kwenye picha iliyopigwa kutoka juu. Haya mia tatu hayana kitu."

"Yana watu."

"Watu hawaonekani kutoka juu."

Dereva mkongwe wa kituo, aliyekuwa akinywa chai dirishani, aliguna. "Ndiyo maana wanapiga simu, Injinia."

Bi Kushoto hakucheka. "Kwenu, mgeni akija, unamwelekezaje?"

"Namwambia ashuke kwa mwalimu, apande kulia."

"Mwalimu hajambo?"

"Alifariki nikiwa darasa la tano."

"Basi mfute."

Injinia aliweka penseli chini. Hakumfuta mwalimu, na hakukubali pia. Alisema kanuni haibadilishwi kwa huruma, inabadilishwa kwa kipimo, na akaomba ipimwe. Mkuu wa kituo, mwanamke mnene wa maneno machache, alikubali siku hiyohiyo. Simu ishirini za zamani zingechaguliwa na mtunza stoo akiwa amefumba macho. Waliopiga wangeombwa kupiga tena, mara moja kwa Injinia na ramani yake, mara moja kwa Bi Kushoto na daftari lake. Madereva wawe wageni wote wawili, walioajiriwa chini ya miezi miwili. Gari likifika mlangoni ndani ya dakika kumi na tano, ni alama. Simu tano kila asubuhi, asubuhi nne.

"Nikishindwa," Bi Kushoto alisema, "daftari nitalipeleka stoo mwenyewe."

"Na mimi nikishindwa?" Injinia aliuliza.

"Wewe utajifunza kuamkia kwenye simu."

Asubuhi ya kwanza simu ya tatu ilikuwa ya mama mmoja ambaye mumewe, miaka sita iliyopita, alibanwa na kifua. Alianza na Injinia.

"Mtaa gani, mama?"

"Mtaa wetu huu."

"Unaitwaje?"

"Kijana, nimekaa hapa miaka arobaini. Sijawahi kupotea. Jina lake ningeliulizia nini?"

"Una nambari mlangoni? Kibao cheupe."

"Kipo. Mjukuu amekitundikia taulo."

Injinia alimwomba atoe taulo. Nambari ilikuwa 17. Katika ramani kulikuwa na nambari 17 sitini na mbili, moja kwa kila barabara. Gari la kwanza lilifika kwenye 17 nyingine, kwa mfua nguo, ambaye aliwapa wahudumu maji ya kunywa na kuwatakia kazi njema.

Kisha ikawa zamu ya Bi Kushoto.

"Haloo. Shikamoo mama."

"Marahaba, mwanangu. Nawe unataka mambo yaleyale ya siku ile?"

"Yaleyale, mama. Mzee kifua kinambana."

"Mzee huyu hapa anakunywa chai, haumwi kitu."

"Leo anaumwa, mama. Dakika kumi na tano tu."

"Ngoja nimwambie alale." Ikasikika sauti ya kikombe, na mwanamume akinung'unika kwamba mkate utapoa. "Haya. Unapajua kwa nesi?"

"Napajua."

"Ukifika kwa nesi usikunje, ukikunja utaingia kwenye nyumba za watu. Nenda mbele. Ukiona geti la bluu, umepitiliza."

"Nani atakuwa barabarani?"

"Nitasimama mwenyewe. Huyu si nimeambiwa anaumwa?"

Nesi alihama miaka minane iliyopita. Dereva mgeni hakuhitaji kujua hilo. Bi Kushoto alimwambia kilichopo sasa kwa nesi: nguzo mbili za umeme zilizokaa bega kwa bega, na banda la fundi baiskeli. "Kwenye nguzo usikunje. Mama amesimama kushoto kwako, si kwangu." Gari lilifika kwa dakika tisa. Mzee alikutwa kitandani, amejifunika mpaka kidevuni, mkate mkononi.

Hadi asubuhi ya tatu, madereva wote wa zamu walikuwa wakipita dirishani kuulizia matokeo kama watu wanaofuatilia mpira. Bi Kushoto alikuwa na kumi na nne kati ya kumi na tano. Injinia alikuwa na tano. Asubuhi ya nne mambo yaligeuka kidogo. Simu mbili zilitoka kwenye nyumba mpya za ghorofa kaskazini ya mji, kule ilikotoka pia ile moja aliyoikosa Bi Kushoto. Wapiga simu wa huko hawakutaja jirani, wala onyo, wala mtu wa kusimama barabarani. Walitaja jengo, ghorofa, nambari, wakanyamaza. Daftari lilikuwa na ukurasa mmoja tu wa huko, nusu yake tupu. Magari ya Bi Kushoto yalizunguka. Ramani ilifika kwa dakika sita na kwa dakika saba.

Hesabu ya mwisho ilikuwa kumi na saba kwa saba. Dereva mkongwe alipiga honi ya gari lililoegeshwa, akakaripiwa na mkuu, akapiga tena. Mkuu wa kituo alichukua karatasi mbili za alama, akaziweka moja juu ya nyingine, akapitisha kidole. Tatu alizokosa mpokea simu zilikuwa zimepatikana kwa ramani.

"Mkiwa pamoja," alisema, "hamkosi hata moja."

Injinia alikuwa amekwisha kaa kwenye kompyuta yake. Hakukuwa na nafasi ya kitu kisichoonekana, kwa hiyo alitengeneza safu mpya katika orodha, kati ya jina na nambari. Aliipa kichwa cha maneno mawili: Palikuwa na. Alimgeukia Bi Kushoto.

"Shikamoo dada. Tuanze na lipi?"

"Marahaba. Mashineni."

Waliingiza majina yote mia nane arobaini na sita kwa siku tano, yeye akisoma, Injinia akiandika, na kazi ilimalizika Ijumaa ya mwisho ya mwezi, saa tisa alasiri, saa moja kabla ya orodha kufungwa. Mnara wa mawe umo pia kwenye ramani, kwa kuwa unaonekana kutoka juu. Safu yake ya Palikuwa na iko tupu. Katika saa ile iliyobaki Injinia alifungua ramani ya mji mwingine, wa kwao, akaongeza jina moja, akaifunga.

Mume wa Bi Kushoto alimpokea jioni getini. Alikuwa ameshasikia kwa madereva.

"Na ndege wangu wawili wamo?"

"Wamo. Mstari wa mia nne na tatu."

"Maana yule bwana kalibadilisha geti wiki iliyopita. Kaweka la kuteleza."

"Najua. Nimeandika palikuwa na ndege."

Wiki iliyofuata simu ilitoka Mashineni, saa nne asubuhi: mama mjamzito, uchungu umeanza. Dereva alikuwa mmoja wa wale wageni wawili wa majaribio. Kwenye daftari la kituo imeandikwa kwa wino wa buluu: "Mashineni. Mama na mtoto wa kike, wazima. Dakika 8."

Kuanzia Jumatatu ijayo Bi Kushoto atawafundisha wapokea simu kumi na wawili kutoka vituo vingine vinne, somo la kwanza likiwa salamu. Jumamosi, siku yake ya mapumziko, atakwenda kwa miguu kwenye nyumba za ghorofa za kaskazini akiwa na daftari la tano, kuwauliza wakazi wanaelekezanaje.