Kengele Ambayo Hakuna Aliyeiosha

Wapwa zangu, haya ninayowaandikia hamtayaamini, na sitawalaumu. Mimi mjomba wenu Bonaventura niliishia darasa la tano, lakini mwalimu mwenyewe alikiri kwamba darasa la sita lingenichelewesha. Naandika nikiwa jikoni kwa shemeji yangu Efrazia, hapa Maretadu. Yeye anachambua maharage, nami namsomea kila ninachoandika, asije akasema nimemzushia.

Efrazia alizaliwa Masieda, akaolewa na marehemu kaka yangu. Analima mahindi na maharage kama sisi wote. Ila mama yake alimwachia elimu ya mivumo, na kwenye elimu hiyo hata mimi nafunga mdomo. Sauti ya mtu haifi. Upepo huichukua, ukazunguka nayo milimani, na siku moja huirudisha. Lakini haiingii mahali pageni. Huingia kwenye kitu chenye uwazi ambamo pumzi ya mwenyewe iliwahi kupita. Basi watu humletea kibuyu cha marehemu wao, anakitundika kwenye nguzo kule ukingoni mwa shamba, na upepo ukipatana nacho, kinasema. Mara moja tu. Ikishatoka, imetoka.

Mwaka jana, mvua zikikaribia, alikuja kijana wa wafugaji kutoka nyanda za chini ya Gitting, jina lake Gidahosh. Alikuwa amebeba kibuyu kifuani kama mtoto mchanga.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Kaa, unywe maziwa kwanza."

"Maziwa sinywi, mama."

"Mfugaji hanywi maziwa!" nikamtania. "Kwani unachunga mbuzi wa plastiki?"

Hakucheka. Akatueleza. Baba yake alikuwa mgonjwa, yeye akapeleka ng'ombe mnadani, akanogewa na wenzake, akazima simu, akalala huko huko. Aliporudi, mzee ameshakata roho. Waliokuwepo walimwambia kwamba mzee alijikokota mpaka mlangoni pa boma, akaita jina lake, akapaza maneno kuelekea mlimani. Upepo ukayachukua, hakuna aliyeyasikia.

"Ni laana, mama," akasema. "Najua ni laana. Siwezi kunywa maziwa ya ng'ombe wake. Siwezi hata kuoa, nikaipitisha kwa watoto."

Efrazia alikinusa kile kibuyu, alichokuwa akinywea mzee maziwa, akakunja uso. "Nani amekisafisha?"

"Mama yangu. Amekisugua ndani kote kwa kijinga cha moto. Angekutumiaje kibuyu kichafu?"

Ndiyo heshima ya watu wa nyanda: kibuyu hakiendi kwa mgeni bila kunukia moshi. Na moshi ule ulikuwa umefukuza pumzi yote ya mzee. Efrazia alikitundika hivyo hivyo. Kutwa nzima kilivuma tupu, huuu, huuu. Na juu ya mlima Hanang wingu lilikuwa limeanza kukaa. Mvua ikinyesha huangusha chini kila sauti iliyo hewani, na ardhi hairudishi kitu.

"Kuna kitu kingine chenye uwazi baba yako alikuwa anakipuliza?" Efrazia akauliza.

Kijana akawaza, mpaka nikadhani amesinzia. "Kengele. Ya ng'ombe anayetangulia. Kila asubuhi aliipuliza vumbi litoke."

"Mmeisafisha?"

"Mama, nani anaosha kengele ya ng'ombe?"

"Kailete. Kimbia."

Alirudi kesho yake jioni, miguu imevimba. Efrazia akatoa kile chuma cha ndani kinachogonga, akaitundika. Mlima ulikuwa hauonekani tena. Upepo ukaja kutoka huko, kengele ikatetemeka, halafu ikasema kwa sauti ya mzee aliyechoka, kwa lugha yao. Mimi lugha hiyo naielewa kabisa, ila nilimwachia Gidahosh atutafsirie.

Akaisogelea kengele.

"Anasema… 'Gidahosh, mwanangu, umechelewa. Maziwa yako nimekuwekea.'"

Basi. Hayo tu. Matone ya kwanza yakaanza kupiga mabati. Kijana akakaa chini kwenye udongo, akalia. Efrazia hakumgusa wala kumwambia nyamaza. Aliingia ndani akatoka na kikombe. Gidahosh akakipokea kwa mikono miwili, akanywa polepole katikati ya mvua, mpaka mwisho.

Na nguzo, wapwa zangu, nani aliishika? Mjomba wenu! Kwa mkono mmoja! Upepo ule ulibeba mabati kutoka hapa mpaka Gitting, miguu yangu imeshaacha ardhi, mkono wa pili nimemshika ng'ombe mzima mkia asipeperuke, na chozi hata moja sikuto—

"Shemeji! Ng'ombe gani? Nguzo niliishika mimi. Wewe ulikuwa umechuchumaa nyuma ya kihenge unalia kumshinda mwenye baba, na kikombe cha pili nilikupa wewe."