Jasho la Aliyeshindwa

Juzi nilikuwa Kibirizi, kando ya ziwa, kwenye kibanda cha mama anayeuza mawese. Mbele yangu alisimama mwalimu wa historia, mtu asiyeweza kununua kitu bila kutoa somo.

"Mama, Wagiriki wa kale wangekupenda," alianza. "Wanamichezo wao walijipaka mafuta ya zeituni mwili mzima, wakashindana uchi. Wakimaliza, wanajikwangua kwa kijichuma kilichopinda. Ule uchafu, mafuta na jasho na vumbi, uliuzwa kama dawa ya kuchua."

Mama akashusha kopo. "Na watu wakanunua?"

"Wakanunua."

Akautazama mkono wake uliolowa mawese mpaka kwenye kiwiko. "Ni uchafu wa mshindi tu, au hata wa aliyeshindwa?"



Kumbe mbeba mizigo mmoja alikuwa anatusikiliza. Pale boti ikikaribia, wabeba mizigo huikimbilia majini, na anayeigusa kwanza ndiye anayepewa magunia ya dagaa. Huyu alikuwa ametoka kushindwa, jasho linamtiririka. Akaokota kifuniko cha dumu, akajikwangua kifua taratibu, akakinyoosha kwa mama.

"Shikamoo mama. Nikuuzie?"

"Marahaba. Kaguse boti kwanza."

Tulicheka, lakini swali la mama limeniganda. Mwalimu anasema mshindi alivikwa taji la majani, na wa pili hakupewa chochote. Basi mimi nadhani wa pili ndiye aliyeianzisha ile biashara ya kuuza jasho.